Msiisingizie Theluji: Barua ya Wazi Kuhusu Mto Nyamwamba

Kwa Ofisi ya Waziri Mkuu, idara ya maafa. Kwa Wizara ya Maji na Mazingira. Kwa Wizara ya Nishati na Maendeleo ya Madini. Na kwa wakuu wa Wilaya na Manispaa ya Kasese.

Waheshimiwa,

Naandika kutoka Bonde la Kilembe. Mimi ni mwalimu mstaafu wa shule ya msingi, mtoto wa mchimba shaba, na karibu maisha yangu yote nimekaa kando ya Mto Nyamwamba. Natumia Kiswahili kwa sababu hapa mgodini ndiyo lugha iliyotulea. Baba yangu alishuka shimoni na watu wa makabila mengi, wa Uganda na wa nje ya Uganda, na neno la kumwambia mwenzako "angalia, jiwe linaanguka" lilikuwa la Kiswahili. Julai 2022 Baraza la Mawaziri liliidhinisha Kiswahili kuwa lugha rasmi ya nchi yetu, kwa hiyo naamini barua hii itapata msomaji huko ofisini kwenu.

Usiku wa kuamkia Mei 7, 2020, simu yangu iliita. Alikuwa binti wa kaka yangu anayekaa Kyanjuki, huko juu yetu bondeni. Hakusalimu. Alisema, "Shangazi, mawe yanatembea. Toka," na simu ikakatika. Nilitoka na khanga niliyolalia, tochi mkononi, mjukuu mgongoni. Jirani yangu alikuwa ameshatangulia, anapita mlango kwa mlango akigonga sufuria kwa mwiko. Mtu asiyeishi hapa hudhani mafuriko ni sauti ya maji. Kwetu unaanza kusikia mngurumo wa majabali yanayosagana, halafu harufu kama ya kiberiti kilichowashwa, kwa jinsi mawe yanavyogongana gizani, na ardhi inatetemeka chini ya nyayo. Maji yanakuja na hayo yote. Kulipokucha mto ulikuwa umehama. Ulikopita jana yake kulikuwa na mawe makubwa kuliko gari, na palipokuwa na nyumba za majirani zangu, na mgomba wa mmoja wao uliokuwa umezaa mkungu ambao hatukuwahi kuukata, ndipo mto ulipokuwa unapita.

Siku ile haukufurika Nyamwamba peke yake. Mubuku ulifurika, Nyamugasani ulifurika, na kule mpakani Mpondwe, Lhubiriha nao ulitoka kingoni. Maelfu ya watu walikosa pa kulala, tena wakati nchi nzima imefungwa kwa ajili ya korona na tumeambiwa tusikaribiane. Tulikaribiana. Darasa moja la shule lilibeba familia kumi, na hakuna aliyekuwa na haki ya kutulaumu.

Nalisema hili kwa sababu halikuwa geni. Mei Mosi 2013, siku ya wafanyakazi, mto huu huu ulishuka hivyo hivyo, ukaua watu, ukabomoa madaraja na nyumba za kampuni ya mgodi, ukaingia Hospitali ya Kilembe. Mwaka uliofuata ukarudi tena. Mtoto aliyezaliwa mwaka ule wa 2013 alikuwa na miaka sita au saba alipobebwa kukimbizwa mto mwaka 2020.

Baada ya mafuriko ya 2020 tuliitwa kwenye mkutano wa hadhara. Ofisa mmoja alisimama chini ya hema, akanyoosha kidole mlimani, akatuambia kwamba dunia ina joto, theluji ya Rwenzori inayeyuka, na maji yake ndiyo yanayotumaliza. Kisha akatuomba tuwe na subira na tumwombe Mungu. Watu waliitikia amina. Mimi niliondoka na lile neno likiwa limenikaa kooni, na barua hii ni kwa ajili yake.

Waheshimiwa, ni kweli theluji inakwisha, na sisi ndio wa kwanza kuumia. Wakonzo huiita nzururu, na jina la ufalme wa Rwenzururu limetoka humo. Kwa wazee wetu weupe ule wa kileleni haukuwa pambo la kadi za watalii. Ulikuwa makao matakatifu, na anayepanda bila heshima alikuwa na la kujibu. Mwaka 1906 yule mjukuu wa mfalme wa Italia, Duke wa Abruzzi, alipopanda akapima na kupiga picha, barafu ilikuwa imeenea kilomita za mraba sita na zaidi, juu ya milima sita. Kufikia 2003 haikufika hata kilomita moja ya mraba, na iliyobaki ilikuwa kwenye Stanley, Speke na Baker tu. Tangu hapo imezidi kupungua. Nilipokuwa msichana, asubuhi ya Januari ikiwa haina ukungu, tuliiona ikimeta. Wajukuu wangu nawaonyesha kwa kidole na wao wanauliza, "Wapi, bibi?"

Lakini hesabu ni hesabu. Watafiti waliopima maji ya Mto Mubuku, ambao ndio unaobeba sehemu kubwa ya maji yatokayo kwenye barafu, waligundua kwamba yanayotokana na kuyeyuka hayafiki hata asilimia 2 ya maji yanayopita mtoni chini ya mlima, masika na kiangazi. Mkichota ndoo ya lita ishirini mtoni, sehemu ya barafu ndani yake haifiki nusu lita. Hiyo siyo iliyobeba nyumba za Kilembe. Zilibebwa na mvua.

Zipo nchi ambako theluji kweli hushirikiana na mvua kuangamiza watu. Juni 2013, wiki chache tu baada ya msiba wetu wa Mei Mosi, mvua kubwa ilinyesha juu ya milima ya Rocky huko Kanada wakati theluji ya majira ya baridi bado haijaisha mlimani. Maji ya mvua na ya theluji yalishuka pamoja, mito ya Bow na Elbow ikafurika, katikati ya jiji la Calgary kukazama, na kusini mwa jimbo la Alberta watu wapatao 100,000 wakaondolewa makwao. Mwanafunzi wangu wa zamani anaishi huko. Alinitumia picha za barabara zilizogeuka mito nami nikamtumia za kwetu. Kwao hakuna aliyesema theluji ni kazi ya Mungu, tukae. Katika mji wa High River serikali ilinunua nyumba za mitaa miwili iliyokuwa kwenye njia ya mto, Beachwood na Wallaceville, ikaziondoa, mto ukaachiwa nafasi yake. Na ili kulinda Calgary likajengwa bwawa la Springbank, la kupokea maji ya Elbow yanapozidi. Najua mfuko wa Kanada si mfuko wa Uganda. Siwaombi Springbank. Nasema tu kwamba hata wenye theluji ya kweli hawakuitumia kama udhuru.

Sasa niwaambie sisi tunaoishi hapa tunaona nini.

Nyamwamba unaanzia kwenye miinuko ya zaidi ya mita 4,000 na kumalizikia Ziwa George, lililo kwenye mita 914. Mteremko wote huo unapita kwa mwendo ambao kijana mwenye miguu mizuri anaumaliza kwa siku chache. Bonde ni jembamba, kuta zake zimesimama. Huko juu, kupita msitu, kuna nyanda za majani mazito, kuvumwani na udongo mweusi wa majimaji unaoshika mvua kama sifongo na kuiachia kidogo kidogo. Mwaka 2012 moto uliwaka huko juu, ndani ya hifadhi, ukala sehemu kubwa ya sifongo ile katika chanzo cha mto wetu. Mwaka uliofuata mvua ilipokuja haikukuta wa kuishika. Ardhi iliyoungua ikaporomoka mahali pengi, na udongo, mawe na magogo ya yale maporomoko ndiyo yaliyoshuka Kilembe Mei Mosi. Haya yameandikwa na wataalamu waliokuja na vipimo vyao. Sisi tuliyajua kwa magogo: yalifika bondeni yakiwa meusi, yameungua, na tuliyapikia wiki nzima.

Chini ya hapo kuna mgodi. Shaba ya Kilembe ilianza kuchimbwa kwa wingi mwaka 1956, mwaka ule ule reli ilipofika Kasese, na kazi ikasimama mwanzoni mwa miaka ya 1980. Reli ilikufa, mgodi ukafungwa, lakini mamilioni ya tani za mabaki ya madini yakaachwa hapo hapo, yamerundikwa kando ya mto kama vilima vya rangi ya kutu. Kila mto ukifurika hung'oa kipande cha vilima vile na kukishusha: shaba, kobalti na vinginevyo, kupitia visima vyetu, mashamba yetu, mjini Kasese, ndani ya Hifadhi ya Queen Elizabeth, hadi Ziwa George wanakovua watu wa Kahendero na Hamukungu. Kuna ukanda ndani ya hifadhi ambako majani yaliwahi kufa kwa sumu ya mabaki ya madini, pamebaki peupe kama uwanja. Na mto unapojaa mabaki, kina chake kinapungua. Unapopungua kina, mvua ya kawaida inatosha kuutoa kingoni. Hili ni jambo la katapila na bajeti, waheshimiwa. Halina theluji ndani yake.

Siku hizi mgodi unatajwa tena. Mwaka 2013 ulikabidhiwa mwekezaji, na baada ya miaka michache akaondolewa. Sasa tunasikia kwamba shaba ina bei kwa sababu ya magari ya umeme, na kwamba kazi zitarudi. Mimi ni mtoto wa mgodi. Mgodi ulinisomesha, na nitafurahi kuona vijana wetu wanavaa kofia ngumu badala ya kukaa stendi ya bodaboda wakisubiri abiria. Lakini naiomba Wizara ya Nishati na Maendeleo ya Madini iandike katika mkataba wowote, ukurasa wa mbele, kwamba jembe la kwanza la mwekezaji litashika mabaki ya zamani: yaondolewe kingoni au yajengewe ukuta, kabla ya kilo moja ya shaba mpya kutoka shimoni.

Kisha kuna sisi wenyewe, na hapa sitajificha. Tumejenga ndani ya mto. Kanuni za mwaka 2000 za kulinda kingo za mito zinataka mita 30 kwa mito ya kawaida na mita 100 kwa mito mikubwa iliyoorodheshwa. Nyumba yangu ilikuwa na hatua ishirini na mbili kutoka mlangoni hadi majini. Nilizihesabu mara nyingi nikienda kufua. Tulilima mihogo na kahawa kwenye kuta ambazo mbuzi huteleza. Lakini nani alianza? Nyumba za wafanyakazi, shule, hospitali, vyote viliwekwa kingoni na wakubwa wa wakati huo kwa sababu bonde halina pengine palipo tambarare, na serikali zilizofuata zikavirithi. Mkitaka kutuhamisha kwa sheria ya mita, anzeni na majengo yenu, nasi tutafuata bila kuburutwa.

Hospitali ndiyo inayoniuma zaidi. Mwaka 2013 maji yaliingia wodini. Ikasafishwa, ikapakwa rangi, vitanda vikarudishwa pale pale. Mwaka 2020 maji yakarudi, mabaya zaidi, wagonjwa wakahamishwa na huduma zikapelekwa mjini. Mjamzito wa Kyanjuki aliyekuwa na hospitali mlangoni akawa na safari ya bodaboda juu ya barabara iliyokatika. Watoto wangu wote walizaliwa katika hospitali ile. Sitaki ifungwe, nataka ijengwe mahali ambapo mto haufiki, na pesa za kuipaka rangi mara ya tatu ziende huko.

Na sasa Muhokya.

Shule zilipotakiwa kufunguliwa, waliopoteza nyumba walipelekwa kambi ya Muhokya, kusini mwa mji, kwenye uwanda wa joto upande wa Ziwa George. Waliambiwa ni kwa muda. Miaka ikapita, na bado kulikuwa na familia chini ya maturubai yale yale. Nimekwenda mara nyingi, kwa sababu shemeji yangu alikuwa huko na watoto watano. Alikuwa mtu wa kahawa, mtu wa kivuli na umande wa asubuhi. Muhokya hakuna umande. Turubai likikaa juani miaka miwili linakuwa kama karatasi ya sigara: ukiligusa linapasuka. Alilishona kwa uzi wa gunia, sindano akiwa ameitengeneza kwa spoku ya baiskeli, na mishono ilipozidi turubai akawa anashona mishono juu ya mishono. Alijaza fomu ya kuomba kiwanja katika ofisi moja. Aliporudi akaambiwa fomu imebadilika. Akajaza nyingine. Mara ya tatu aliambiwa jina lake halimo katika orodha, ingawa nambari ya hema lake ilikuwa imeandikwa kwa rangi nyekundu na watu wa ofisi ile ile. Alichoka, akarudi kujenga bondeni, mita chache juu ya palipokuwa na nyumba yake ya zamani. Wapo wanaomwita mkaidi. Mimi nawauliza, mlimpa njia gani nyingine?

Ndiyo maana watu wanarudi mtoni, waheshimiwa. Hawarudi kwa kuwa hawaelewi hatari. Wanarudi kwa kuwa bonde lina udongo, shule, kanisa, makaburi ya wazazi, na kambi haina hata mti. Na si mto tu unaotutafuta: Septemba 2022 mlima wenyewe uliporomoka huko Rukoki na kuua watu zaidi ya kumi, wengi wao wanawake na watoto. Anayekimbia maji anapanda, na huko juu anakutana na ardhi inayoshuka. Ardhi salama Kasese ni kidogo. Hifadhi mbili, mashamba makubwa na mizozo ya zamani vimeibana. Najua kuigawa si rahisi. Lakini hiyo ndiyo kazi ya serikali ambayo mwananchi hawezi kujifanyia. Kugonga sufuria tunaweza. Kutoa hati ya kiwanja hatuwezi.

Nikirudi kwenye sufuria. Mwaka 2020 waliopona katika mtaa wangu walipona kwa simu ya msichana mmoja na mwiko wa jirani mmoja. Hakuna king'ora kilicholia. Binti wa kaka yangu alikuwa na salio la simu kwa bahati. Angekuwa hana, nisingeandika barua hii. Mafuriko ya bonde hili huanzia juu na kushuka. Kyanjuki husikia kabla ya mtaa wetu, na mtaa wetu kabla ya mjini. Zile dakika katikati ni uhai wa watu, na hazimilikiwi na yeyote. Wekeni vipimo vya mvua huko juu na vipimo vya kina mtoni, lakini msiishie hapo, maana chombo bila mtu huibwa betri. Waajirini vijana wawili kila kituo, wa hapa hapa, wanaowapandisha watalii mlimani na kuujua mlima kuliko ramani. Walipeni kila mwezi. Wapeni namba moja ya kupiga bure, na ving'ora mtaani, na redio za mji wetu zikubali kukatiza muziki saa nane za usiku. Kila Februari na kila Agosti, kabla ya mvua, tufanye zoezi: king'ora kilie, tupande, tuhesabiane. Walimu tupo, tutalipanga bila posho.

Na huko juu kabisa, kwenye zile nyanda zilizoungua, hifadhi iwe na watu na vifaa vya kuzima moto, na wapandaji, wenyeji na wageni, wasiwashe moto ovyo. Jambo hili ni dogo na gharama yake ni ndogo, lakini Nyamwamba unaanzia huko.

Nilifundisha darasa la sita somo la mzunguko wa maji kwa miaka mingi. Nilichora ubaoni mlima, theluji, mto, ziwa, mishale ikizunguka. Katika mchoro ule sikuwahi kuchora kilima cha mabaki ya shaba, wala hospitali kingoni, wala turubai la Muhokya. Leo ningevichora, kwa sababu mwanafunzi asiyeviona hataelewa maji yanayomfukuza usiku.

Naomba majibu manne, kwa maandishi, na yabandikwe pale ofisi ya kata kila mtu ayasome: familia zilizotoka mtoni zitapewa viwanja wapi na lini, nani atawajibika kwa mabaki ya mgodi, hospitali mpya itajengwa mahali gani, na king'ora cha kwanza kitawekwa Kyanjuki tarehe ngapi. Mkisema hapana kwa lolote, semeni hapana, tujue la kufanya wenyewe.

Mvua za masika huanza Machi. Tafadhali tujibuni kabla ya hapo.

Mwalimu mstaafu,
Bonde la Kilembe, Kasese